Bandeji Niliyoitupa Chooni

Kama una kidonda kinachonuka na unakificha kwa kanga, haya nimeyaandika kwa ajili yako. Mimi changu nilikificha wiki tatu. Naitwa Robhi, naishi Genkuru, nina watoto wanne, na mguu wangu wa kulia una kovu refu kama kiganja. Mguu wenyewe upo. Nakuambia hilo mapema ili usome bila kutetemeka, maana mimi hakuna aliyeniambia mwisho wake wakati ule, na niliogopa mpaka chakula nikakiona kama udongo.

Kilianza wakati wa palizi ya mahindi. Asubuhi nilikuwa shambani, mchana nilikuwa naponda mawe. Wanawake wengi wa huku tunafanya hivyo: mawe yanatoka kwenye maduara, yale mashimo ya wachimbaji, sisi tunayaponda, yanasagwa, tunayaosha kwenye karai na kukamata chembe za dhahabu kwa zebaki. Siku hiyo kipande cha jiwe kiliruka kikanikata kwenye muundi. Kilikuwa kijeraha cha kuchekesha tu. Nikafanya kama tulivyozoea, nikapasua kapsuli ya rangi mbili, nikamwaga unga wake juu ya jeraha, nikarudi kusimama kwenye maji ya tope.

Unga ule ukajenga gamba la njano. Nikafurahi, nikasema kinakauka. Sisi huku tunaamini kidonda kizuri ni kile kilichokauka, na gamba langu lilikuwa kavu kweli. Chini yake usaha ulikuwa unajichimbia. Wiki ya pili nikibonyeza pembeni unachuruzika, na wiki ya tatu harufu ikaanza. Binti yangu wa mwisho, ambaye nilikuwa nalala naye kitanda kimoja, akahamia kwa bibi yake bila kusema sababu. Hakuna maneno yaliyoniuma kama ule ukimya wake.

Mume wangu, Marwa, ndiye aliyenipakia kwenye bodaboda kwenda hospitali. Jina la hospitali sitalitaja, maana kosa ninalotaka kusimulia ni langu na si lao.

Nakumbuka benchi la chumba cha vidonda kuliko vyumba vyote nilivyowahi kukaa. Ni benchi la mbao, refu, limetazama mlango wa bluu. Kila mlango ukifunguka unasikia mtu anavyovuta pumzi ndani, na wewe unahesabu: bado watatu, bado wawili. Wagonjwa wa vidonda hatuangaliani usoni, tunaangaliana miguu. Siku ile ya kwanza pembeni yangu alikaa mzee mwembamba, kofia ya sufu kichwani, mguu wa kushoto umevimba vidoleni.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Wewe nani kakukanyaga? Mimi ni ng'ombe wangu mwenyewe, tena nampenda."

Ndivyo nilivyomjua Mzee Makuru. Ni mfugaji wa Mbalibali, ng'ambo ya Mto Mara, na alikuwa amefikia kwa binti yake aliyeolewa Nyamongo ili awe karibu na matibabu. Ana sukari, hilo alilisema kama mtu anayetaja ukoo wake. Alinichekesha nikiwa na hofu ya kufa, na sijui hata leo alifanyaje.

Muuguzi wa chumba kile tutamwita Zaituni. Ni mtu wa Tanga. Kiswahili chake kinateleza, chetu kinajikwaa, na wagonjwa walipenda kumwigiza akigeuka. Lakini mikono yake haikuwa na maringo. Alilowesha gamba langu kwa maji ya chumvi mpaka likaachia, daktari akaja akakata nyama iliyokufa, nikauma kanga yangu mpaka ikatoboka. Wakapiga picha ya mfupa. Daktari akasema mfupa bado mzima, ila usaha uko jirani yake sana.

"Ukifika kwenye mfupa?" Marwa akauliza.

"Hapo tutaongea habari ya kukata, chini ya goti. Ndiyo maana nataka usifike."

Kuanzia siku hiyo sikuwaza kitu kingine. Nikiangalia mlango nawaza nitapitaje na magongo. Nikiangalia jembe nawaza nani atalima.

Zaituni akafungua pakiti nyembamba, akatoa kitambaa cha kijivu, akakikata sawa na kidonda na kukilaza ndani. "Dada Robhi, nisikilize. Bandeji hii ina madini ya fedha ndani yake. Inaua wadudu wa kidonda kidogo kidogo. Usiifungue, usiiloweshe, usiianike. Tunaonana Jumanne. Zipo chache mno, zako wewe ni nne." Mzee Makuru naye alipewa nne. Zilikuwa zimeandikwa majina yetu kwa kalamu, kabatini.

Bandeji ya kwanza nilikaa nayo kama mtu aliyebeba mayai. Mama mkwe wangu, mwanamke aliyelea watoto tisa bila kuona daktari, alizunguka kiti changu akiguna. "Kidonda kinafungwa siku nne hakioni jua? Kitaoza." Nikamwambia ndivyo walivyosema. Akajibu kwamba waliosema hawakai hapa kunusa.

Jumanne Zaituni alipoifungua, akatabasamu. Usaha ulikuwa umepungua. Lakini mimi sikuona usaha, niliona rangi. Ngozi yangu pembeni ya kidonda ilikuwa na ukijivu, na kile kitambaa kimekuwa cheusi kama masizi. Akaweka ya pili, nikanyamaza, nikarudi nyumbani na wasiwasi wangu.

Sasa unielewe vizuri hapa, kwa sababu kosa hili angelifanya mtu wa kwetu tu. Sisi zebaki tunaijua. Tunaishika, tunaiona inavyong'aa kwenye karai, rangi yake ya fedha fedha. Tumeona jirani ambaye mikono yake sasa haiwezi kushika kikombe cha chai bila kumwaga. Afisa mmoja alikuja kutuonya kijijini, akasema kati ya yote, zebaki isiguse kidonda. Mambo mengine aliyosema nimesahau, hilo lilinikaa. Nikamsimulia Marwa maneno ya muuguzi na ile rangi kwenye ngozi.

Marwa ameshinda kwenye maduara miaka kumi na miwili. Aliinama akaangalia ukijivu uliotokeza pembeni ya bandeji. "Madini ya rangi hii ninayoyajua mimi ni ya aina moja tu," akasema. "Wanakuwekea zebaki, mama Nyangi."

Hakuwa mjinga, na mimi sikuwa mjinga. Tulikuwa tunajua kitu kimoja vizuri, na tukakitumia mahali pasipo pake.

Alasiri hiyohiyo wakaja akina mama wa jumuiya kunijulia hali. Huku kwetu mtu akija kumwona mgonjwa wa kidonda, hukiona kidonda kwa macho yake. Ukikataa kukifungua, atarudi kwake akisema umemficha, na kesho utasikia kwamba umerogwa tego. Nilikuwa nimeshawakatalia wengine kwa siku nne, na mama mkwe alikuwa ameona aibu. Safari hii nikafungua. Bandeji ya pili haikuwa hata imekaa saa sita. Wakainama wote, wakaona kile kitambaa cha kijivu, mmoja akavuta pumzi puani, mwingine akasema, "Huu si ndio ule uchafu wa karai?"

Nikaichomoa. Nikatembea kwa kuchechemea mpaka chooni, nikaitupa shimoni. Halafu nikakaa uani, mguu juu ya kigoda, kidonda wazi juani, na mama mkwe akapasua kapsuli mbili za rangi mbili akamwaga. Nilijisikia nimeokoka. Kwa kweli nililala vizuri siku hiyo kuliko siku zote za nyuma.

Ijumaa, siku niliyopangiwa kubadilishiwa bandeji, sikwenda hospitali. Ningemwambia nini Zaituni? Mimi ni mtu wa kelele sana kwa mambo ya watu, lakini kwa mambo yangu ni mwoga. Jumamosi nikahisi baridi jua likiwa kali. Jumapili mtoki ukasimama kwenye nena, mkubwa kama limau, nikashindwa kunyanyua mguu. Wekundu ukaanza kupanda kutoka kwenye kidonda kwenda juu. Shemeji yangu akasema nipelekwe kwa mganga ng'ambo ya mto, ana dawa ya tego. Mama mkwe akakubali. Marwa akasimama mlangoni akasema hapana, na wakarushiana maneno ya Kikurya ambayo siwezi kuyaweka hapa. Ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akimpandishia mama yake sauti. Jumatatu asubuhi tulikuwa kwenye bodaboda, mimi katikati, Marwa nyuma ameshika mguu wangu usipigwe na upepo.

Nikadanganya. Nilimwambia Zaituni bandeji imedondoka yenyewe nikioga. Alilowesha, akafuta, kipande cha pamba kikaja na ukoko wa njano. Akakinyanyua mbele ya macho yangu.

"Dada Robhi, na hiki nacho kimedondokea humo wakati unaoga?"

Nikalia. Nikamwambia yote: zebaki, akina mama, choo. Nilitegemea matusi. Alivua glavu, akanawa, akafungua herini yake moja ya sikioni akaniwekea kiganjani. Ilikuwa herini nyembamba, ya zamani, nyeusi kwenye mikunjo.

"Hii ni fedha. Aliivaa bibi yangu, akaivaa mama, naivaa mimi tangu sikio langu litobolewe. Zebaki ni kitu kingine kabisa. Ungeniuliza tu, Dada Robhi. Ukijivu ule kwenye ngozi ukinawa unatoka." Kisha akavaa herini yake na kwenda kumwita daktari.

Nililazwa. Daktari aliminya pembeni ya goti, akamwomba Zaituni kalamu, akachora mstari wa bluu kwenye ngozi yangu pale wekundu ulipofikia, vidole vitatu chini ya goti. "Huu ndio mpaka," akasema. "Tunakuchoma sindano za mshipani, tunaweka bandeji ya tatu. Wekundu ukirudi chini ya mstari, tumshukuru Mungu. Ukiupita na kuendelea, Alhamisi tunaongea na mume wako kuhusu karatasi ya kusaini."

Kama hujawahi kuishi kwa kutazama mstari wa kalamu, usiombe. Kila muuguzi akipita namwita aje aone. Nikisinzia nashtuka, nafunua shuka, natazama. Jumanne wekundu ulikuwa umeupita mstari kwa upana wa kidole. Nilimwita Marwa, nikamwonyesha. Akakaa chini sakafuni, mgongo kwenye kitanda changu.

"Mimi ndiye niliyesema ni zebaki," akasema.

"Mimi ndiye niliyetupa."

"Ila mimi ndiye niliyesema."

Tulibaki hivyo. Mama mkwe akaja na chupa ya uji wa ulezi, akatukuta hivyo. Hakutaka kuona kidonda siku hiyo. Alinishika kisigino cha mguu mgonjwa, akakishika hivyohivyo mpaka uji ukapoa. Alhamisi iliyokuwa inakuja ilimlemea mwanamke yule kama mimi, nafikiri, maana yeye ndiye aliyepasua zile kapsuli.

Jumatano wekundu haukusogea. Alhamisi asubuhi Zaituni alikuja kabla ya daktari, akafunua shuka, akachuchumaa macho yakiwa sawa na goti langu. "Umeshuka," akasema taratibu. Niliangalia mwenyewe, ulikuwa umerudi nyuma ya mstari, nukta mbili tatu hivi. Daktari alipofika hakuitaja karatasi. Wakaweka bandeji ya nne, ya mwisho yangu.

Ungedhani hapo nilipumua. Sikupumua. Jumatatu iliyofuata walipoifungua, kidonda chote kilikuwa chekundu, kimeanza kuota nyama mpya, isipokuwa pembe moja ya chini iliyolala karibu na mfupa. Pale palikuwa bado na usaha. Daktari akabonyeza, akatikisa kichwa. Ingefaa duru moja zaidi ya bandeji ile, alisema, maana hapo ndipo penye hatari. Zaituni akamwangalia, akaniangalia. Zangu zilikuwa zimekwisha. Moja ilikuwa chooni Genkuru.

Akatoka. Alikaa nje muda mrefu. Aliporudi alikuwa na pakiti mkononi, pale penye jina ameshapafunika kwa plasta. "Imepatikana," akasema. Sikuuliza imepatikana wapi. Mtu anayezama haulizi kamba ni ya nani.

Ile ya tano ndiyo iliyomaliza pembe. Alhamisi ilipofunguliwa ilikuwa safi, na daktari akacheka kwa mara ya kwanza tangu nimjue, akasema mguu huu ni wa kutembelea sasa. Baada ya hapo zikafuata wiki za shashi ya kawaida, za benchi na mlango wa bluu, mayai kila siku ambayo mama mkwe alikuwa akisema yanawasha kidonda na sasa anayachemsha mwenyewe. Nyama ikaota kutoka chini, ngozi ikaingia kutoka pembeni, polepole mno. Nilijifunza kwamba kidonda kinaweza kupona kikiwa na unyevunyevu, kimefunikwa, hakioni jua wala wageni. Akina mama wa jumuiya walipokuja tena niliwaambia, karibuni uji, kidonda kimelala. Wawili walinuna. Mahindi yakakomaa nikiwa bado nachechemea, wakayavuna bila mimi.

Nilimkumbuka Mzee Makuru, maana benchi lilikuwa halina mzaha. Nikamuuliza Zaituni. Akajifanya anapanga mikasi.

"Amekatwa vidole viwili. Yuko kwake Mbalibali, anaendelea."

Nikazihesabu bandeji zangu. "Ile bandeji ya tano ilikuwa ya nani?"

Hakutaka kusema, lakini si mtu wa uongo. Siku ile alipotoka kunitafutia bandeji, Mzee Makuru alikuwa benchini anasubiri zamu yake, na pakiti yake ya mwisho ilikuwa kabatini. Alimwona muuguzi anavyofungua na kufunga kabati bure. Akauliza, akaambiwa. Akasema apewe yule mama, yeye mguu wake unaonekana msafi, na ana vidole vingi. Daktari alimkagua, kweli siku ile ulikuwa msafi, wakakubali.

"Ni kwa sababu yangu basi," nikasema.

"Ana sukari, Dada Robhi. Pengine vingekatwa tu. Pengine visingekatwa. Mimi sijui, na daktari hajui." Halafu akaongeza, "Usiniulize tena, tafadhali."

Ningeweza kuacha kuandika hapo, niseme tu nilipona. Ila nimekuahidi moyoni nisikudanganye kama nilivyomdanganya Zaituni.

Mwezi uliopita, ulezi ukiwa umeshaingia ghalani, nilivuka Mto Mara na Marwa tukaenda Mbalibali. Nilibeba unga wa ulezi na maneno niliyoyapanga wiki nzima. Mzee Makuru alikuwa kwenye kigoda mlangoni kwa zizi, fimbo mapajani, kofia ileile. Nikapiga goti. "Shikamoo mzee." Nikaanza maneno yangu: bandeji, choo, zebaki, vidole.

Alisubiri mpaka nikamaliza. "Ng'ombe aliyenikanyaga bado nampenda," akasema. "Wewe unadhani nitakuchukia? Hebu nionyeshe."

Tangu siku ile ya akina mama sikuwahi kumfunulia mgeni mguu wangu. Nikapandisha kanga mpaka chini ya goti. Aliinama, akatazama kovu juu mpaka chini, akapitisha kidole pale kwenye ile pembe, taratibu, kama mtu anayekagua mshono. Aliridhika.

Kisha akavua kandambili lake la tairi, akanyoosha mguu wa kushoto mbele yangu. "Na wangu huu hapa."

Nilitaka kugeuza uso. Lakini kwetu mtu akikufunulia kidonda chake unakitazama. Nikatazama.